Aliyemsemea Kamanda Zena

Vijana wa kikundi cha maigizo, mmenijia nyumbani mara tatu, mara ya tatu na mkate na majani ya chai, mkitaka niwaandikie habari za kazi yangu kabla sijasahau. Sijasahau. Ningekuwa nimesahau ningelala vizuri zaidi. Nimestaafu mwezi uliopita, ikiwa mwigizaji hustaafu. Kusema kweli simu iliacha kulia, nami nikaona kuna heshima zaidi kuliita jambo hilo kustaafu.

Mnanijua kama Kamanda Zena wa Kituo cha Zohali, ule mchezo wa televisheni uliowafanya nyinyi, mkiwa wadogo, kuvaa mabeseni kichwani na kuruka kutoka juu ya vichuguu. Kwa miaka saba niliongoza chombo cha angani, nikatua kwenye sayari nisizokumbuka idadi, nikapigana na watu wa chuma. Hali halisi ni kwamba mimi ni mtu wa nyumbani. Sijawahi kupanda ndege. Lifti za Nairobi hunipa kizunguzungu. Nikilala nje ya Machakos siku mbili, ya tatu nawaza kuku wangu kama wamefungiwa.

Nianze na siku ya kwanza. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, nikipokea wageni katika ofisi moja mjini, na Jumapili naigiza michezo ya kanisani. Kila mwaka walinipa nafasi ya mke wa Lutu kwa sababu nilijua kusimama bila kutikisika. Hapo ndipo aliponiona Bwana Kimeu, mtayarishaji, aliyekuwa akitafuta watu wa mchezo wake mpya.

"Wewe uko na uso," akaniambia.

Sikujua wengine walikuwa na nini, lakini nilimshukuru.

Tulipigia picha kwenye godauni tupu kule Mavoko, jirani na viwanda vya saruji. Vumbi lilikuwa limeshatutengenezea mwezi sakafuni kabla hatujafika. Meza ya kuendeshea chombo ilikuwa mlango wa zamani uliolazwa juu ya madebe, ukapigiliwa vifuniko vya soda na kuzungushiwa taa za Krismasi. Kifaa changu cha kupimia hewa ya sayari kilikuwa kikamulio cha machungwa kilichopakwa rangi ya fedha. Siku moja mbuzi alipita nyuma yangu wakati natangaza kwamba sayari hii haina kiumbe hai hata mmoja. Mwelekezi hakumwona. Nyinyi mlimwona, na mpaka leo mnanikumbusha.

Malori ya saruji yalipita nje mchana kutwa yakibadilisha gia, kwa hiyo sauti tulizonasa pale hazikufaa kitu. Bwana Kimeu akaamua tupige picha kwanza, sauti tuziingize baadaye. Kazi hiyo tuliifanyia hapa mjini, kwenye chumba kidogo kilichobandikwa trei za mayai ukutani na kutundikwa blanketi mlangoni. Mwigizaji aliketi mbele ya televisheni, akautazama mdomo wake mwenyewe, akayasema maneno upya mpaka yakalingana nao.

Wenzangu walimaliza vizuri. Mimi nikasema sentensi yangu ya kwanza, "Roketi iko tayari kuruka," na fundi wa mitambo akavua vifaa vyake vya masikioni akavifuta kwa shati, akidhani ni vyake vilivyoharibika. Mimi ni Mkamba wa Kalama, nimelelewa na Mwaitu, yaani mama yangu, kwa Kikamba cha nyuma ya kilima. Kwangu mimi r na l ni ndugu wa tumbo moja wanaoazimana nguo. Na sauti yenyewe ni nyembamba, sauti ya mtu aliyesimama uani akiuliza kama wenyewe wapo. Kamanda hawezi kufika Zohali akauliza kama wenyewe wapo.

Tulirudia mara kumi na moja. Kwenye kona alikuwa ameketi Bi Zuhura, fundi wetu wa nguo, akipinda mkono wa shati langu la angani. Watu wake ni Waswahili waliotoka pwani zamani na kukaa hapa mjini karibu na msikiti tangu siku za babu yake. Zile sare zetu zote zinazong'aa alizishona yeye, kwa kitambaa cha kufunikia magari.

Mara ya kumi na mbili hakungoja. Alisema bila kuinua macho kutoka kwenye sindano, "Roketi iko tayari kuruka. Si mseme hivyo tu, jamani, watu twende tukale."

Fundi wa mitambo akavirudisha vifaa masikioni.

"Bi Zuhura," Bwana Kimeu akasema, "hebu sema tena."

"Niseme nini tena? Nishasema."

"Njoo ukae hapa mbele."

"Nimeshika nguo ya watu."

"Njoo na nguo."

Akaja na nguo. Akaketi na shati langu mapajani, akautazama mdomo wangu kwenye televisheni, na kutoka kinywani mwangu nikamsikia mwanamke ambaye mimi mwenyewe ningemfuata kwenye sayari yoyote. Ilikuwa sauti nzito kidogo, isiyo na haraka, kama ya mtu ambaye hajawahi kukatizwa. Nikapenda. Sikujiuliza nilichokuwa nimepoteza, kwa sababu siku ile niliona nimepata tu.

Kaka yake mkubwa, aliyemlea tangu baba yao alipofariki, alikubali Zuhura aifanye kazi hiyo kwa sharti moja: jina la nyumba yao lisionekane kwenye televisheni. Zuhura akatuambia, "Sauti chukueni. Jina liacheni nyumbani." Bwana Kimeu akaahidi. Kisha akanipa mimi ahadi ya pili, ambayo sikuiomba lakini niliipokea kwa mikono miwili, kwamba hatamwambia mtu yeyote kuwa sauti si yangu mpaka mimi mwenyewe niruhusu. Kwa hiyo majina yalipopita mwisho wa mchezo, Kamanda Zena alikuwa Mwikali, yaani mimi. Zuhura hakuwepo hata kwenye orodha ya mavazi.

Mnataka mambo ya kazi, basi haya hapa, na yote nilifundishwa na yeye. Tulipopiga picha alisimama karibu na kamera, ndani ya duara la chaki ili asiingie kwenye taa, akanitamkia sentensi polepole kabla sijaisema, nami nikaishika ilivyo, na vituo vyake. Alinifundisha kupumua kabla ya neno zito na si baada yake. Alinifundisha kwamba mtu mwenye amri hatikisi kichwa. Na kubwa kuliko yote: ukimaliza sentensi, funga mdomo.

"Mwikali, unaniachia mlango wazi," alikuwa akisema, "nami sina cha kuingiza."

Waigizaji wengi wa siku hizi mnaacha mlango wazi. Mnafikiri ni hisia. Ni mdomo tu.

Kufikia mwaka wa pili nilikuwa napumua anapopumua yeye. Kufikia wa tatu sikuweza kwenda sokoni Tala kununua maharagwe bila kundi la watoto kunizunguka: "Kamanda, sema ile. Sema, Anga halina mlango, twendeni." Hayo ndiyo maneno aliyosema Zena kila chombo kilipong'oa nanga. Nami nilikuwa na skafu. Niliivaa shingoni hata Februari, nikishika koo na kutabasamu kwa uchungu, na mama za watoto wakaeleza kwa niaba yangu: mwacheni Kamanda, koo lake ni la kazi, analihifadhi. Waliniletea tangawizi. Waliniletea limau na asali ya Kitui. Makanisa matatu yaliliombea koo ambalo halikuwa na ugonjwa wowote. Mwaitu, aliyejua sauti yangu tangu nilie mara ya kwanza, aliwaambia majirani kwamba televisheni ina mashine za kunenepesha sauti, na akakalia benchi la mbele kanisani kama mzazi wa kamanda.

Bado nacheka nikiandika hapo. Kuanzia hapa mtanisamehe nikiacha.

Mwaka wa tano waliniita niwe mwamuzi wa kukariri mashairi kwa shule za msingi. Nilikubali, kwa sababu mwamuzi anaandika tu. Akasimama msichana mmoja wa Matuu, miguu pamoja, mikono ubavuni, akakariri kwa moyo wote, na r zake zote zikaenda kulala kwa jirani. Alikuwa mimi mtupu. Nikaandika: Sauti nzuri, matamshi yarekebishwe. Nikampunguzia alama, akawa wa nne, na wa nne hakwenda mbele. Mwalimu wake akaja kunipa mkono. Akasema, "Asante, Kamanda. Huyu akisikia kwako ataelewa."

Wiki iliyofuata Bi Zuhura alikuja kwangu. Nilikuwa uani nawapa kuku chakula. Alitembea akishika goti.

"Hili limekataa cherehani, Mwikali," akasema. "Daktari ananiambia nikiendelea kukanyaga nitamalizia kwa fimbo."

"Pole, Bi Zuhura. Sasa itakuwaje?"

"Nimepata kazi. Au nusu ya kazi." Akaketi kwenye kigoda. Kulikuwa na shirika fulani Nairobi lililosoma vitabu kwenye kaseti kwa ajili ya watu wasioona, nao walitaka mwanamke wa kusoma, ajira ya kudumu, ameketi kwenye kiti. "Wamenisikia, wamenipenda. Lakini tuko watatu, na mkubwa wao anataka mwenye uzoefu. Nikamwambia mimi ndiye ninayemsemea Kamanda Zena. Akacheka. Akasema kila mwanamke wa Machakos ni Kamanda Zena."

"Si Bwana Kimeu angemwambia?"

"Nimemwendea. Anasema alikuahidi wewe, na neno lake ni neno. Basi nimempa yule bwana namba yako ya simu. Atapiga kesho asubuhi. Mwambie ndiyo, ni kweli. Neno moja tu."

"Na kaka yako?"

"Kaka amesema jina nilitoe. Limekaa ndani vya kutosha."

"Nitamwambia," nikasema. Na nilikusudia hivyo. Nataka mjue nilikusudia, ingawa sijui linanisaidia nini.

Simu ililia saa nne. Nilikuwa nimejifunga leso kiunoni, mikono ina unga.

"Halo," nikasema.

"Habari ya asubuhi. Naomba kuongea na Mama Mwikali, yule Kamanda."

"Ongea."

"Hapana, dada, namtaka mwenyewe. Wewe si ndiye msichana wa kazi?"

Oneni jinsi ilivyokuwa rahisi. Sikuhitaji kueleza lolote wala kutafuta barua. Ningesema "Ni mimi," na kwa maneno hayo mawili yule bwana angesikia kwa masikio yake kitu ambacho Zuhura alishindwa kumthibitishia. Sauti yangu hii, niliyoificha kwenye skafu miaka mitano, siku hiyo ndiyo ilikuwa shahidi. Nikamfikiria yule mwalimu wa Matuu. Nikafikiria benchi la Mwaitu kanisani na watu wakigeuka kulitazama. Nikafungua mdomo, kisha nikaufunga, kama nilivyofundishwa. Nilipoufungua tena nilisema:

"Ndiyo. Mama amesafiri."

"Atarudi lini?"

"Hajasema."

"Basi mwambie anipigie leo kabla ya saa kumi na moja. Ni habari ya Bi Zuhura. Kesho asubuhi tunaamua. Hutasahau, dada?"

"Sitasahau."

Akanitajia namba, nikaiandika kwenye pakiti ya unga. Kisha nikakanda chapati ambazo hakuna mtu wa kuzila. Nikachambua maharagwe, nikayarudisha kwenye gunia, nikayachambua tena. Ilipofika saa kumi na moja niliisikia saa ya ukutani, nikangoja mpaka akrabu ikapita, na nitawaambia jambo baya kuliko yote: nilipumua kwa nafuu.

Jumanne tulikuwa na kazi kwenye chumba cha trei za mayai. Zuhura alikuwa amefika kabla yangu.

"Wamemchukua mwingine," akasema.

"Yule bwana hakupiga," nikasema. Huo ulikuwa uongo wa pili, na wa kwanza ulikuwa haujakauka.

Alinitazama. "Labda simu ilikuwa mbovu."

"Labda."

Akavaa vifaa vya masikioni. Siku hiyo ilikuwa sehemu ile ambayo Kamanda Zena anaambiwa aondoke kwenye sayari inayoungua na amwache mmoja wa wenzake. Anakataa. Mnaikumbuka, wengi mlilia. Uso ni wangu, na ninautazama pale kwenye televisheni ukiwa na ushujaa wote niliofundishwa, na Zuhura akiuwekea maneno: "Siondoki bila mwenzangu." Aliyasema mara moja. Hatukurudia.

Aliendelea kunisemea miaka miwili zaidi, akishona huku mguu ukivimba, mpaka mchezo ukaisha. Wakati huo alikuwa na fimbo. Mimi nilianza kumletea vitu. Jumanne hii ndizi, Jumanne ile mayai. Sikumwambia kwa nini, naye hakuuliza.

Baada ya Zohali nilipata nafasi ndogondogo: jirani anayechungulia, shangazi msibani, mwanamke wa sabuni anayetabasamu na kunusa shuka. Watayarishaji wapya waliponisikia nikisoma walishangaa, kisha wakawa wapole, kisha hawakupiga tena. Niliwaambia watu ni lile koo. Bwana Kimeu alihama nchi na ahadi yake.

Nyinyi mkaja na mkate. Mkasema mmepata kanda za zamani, mtazionyesha ukumbini Jumamosi, na mimi nitasimama mbele ya watu niseme yale maneno ya Zena. Usiku nilitafuta skafu, nikaipata, nikaikalia kitandani. Asubuhi niliiacha nikaenda kwa Bi Zuhura. Anakaa nyumba ileile. Cherehani imefunikwa kanga. Alikuwa ameweka mguu juu ya stuli, anachagua mchele kwenye ungo.

"Kamanda," akasema.

"Bi Zuhura, nimekuja na neno."

"Keti kwanza. Neno halikimbii."

Nikaketi, nikamwambia yote: simu, msichana wa kazi, pakiti ya unga, saa kumi na moja. Hakuacha kuchagua mchele.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Yule bwana alinipigia jioni ileile. Akaniambia msichana wa kazi amesema mama amesafiri." Akatoa kijiwe, akakiweka kando. "Msichana wa kazi gani, Mwikali? Na safari gani? Wewe ukienda Tala unaaga mtaa mzima kama unakwenda Hija."

"Kwa hiyo ulijua," nikasema. "Na Jumanne ukaja ukanisemea."

"Sikuja kukusemea wewe. Nilikuja kumsemea Zena. Yeye hakunikosea."

"Mbona hukuniumbua? Ungewaambia watu."

"Nilikungoja. Kila Jumanne najiambia, leo atasema. Ukaleta ndizi. Ukaleta mayai. Siku moja ukaleta kuku mzima, nikasema, huyu atamaliza banda lote kabla hajasema." Akatikisa ungo. "Goti likaenda. Miaka ikaenda. Wewe bado unaleta mayai."

Nikamwomba ruhusa ya kuwaandikia nyinyi.

"Andika," akasema. "Uandike jina langu lote, Zuhura binti Athmani. Uandike na goti. Na huko ukumbini usimame useme mwenyewe, kwa sauti yako hiyohiyo, wala usiipambe."

"Nitasema. Na niseme kwamba umenisamehe?"

Akaurudia mchele wake.

"Wewe sema yaliyotokea," akasema. "Hilo halijatokea."

Basi ndiyo hayo, nimeyaandika. Jumamosi nitakuja bila skafu. Lakini lile tangazo mlilobandika karibu na stendi, linalosema njooni mumwone na kumsikia Kamanda Zena, naomba mlirekebishe kabla ya siku hiyo. Wa kuonekana atakuwepo. Wa kusikika nilimwalika, akaniambia goti lake haliwezi zile ngazi za ukumbi, na hata lingeweza, asingekuja.